Mkate Uliotiwa Jicho

Watu wa nyumba ile ya Kibokoni hawakuhitaji saa ya kuwaamsha. Waliamshwa na harufu ya iliki. Sidi, mke wa Gunga, alikuwa akipika mahamri ghorofa ya kwanza, na kila asubuhi aliyauza pale pale juu ya ngazi, yangali moto. Tui alilichemsha na iliki. Unga aliukanda kwa mkono wake wa kulia. Ukimuuliza vipimo, alikujibu neno moja tu, "kadiri". Sukari kadiri, hamira kadiri, tui kadiri. Wapishi wengi wa pwani ndivyo walivyo, na anayetaka kujifunza kwao lazima awe na subira.

Mwezi wa pili Sidi aliteleza kwenye ngazi. Alianguka akavunjika kifundo cha mkono ule ule wa kulia. Gunga alikuwa Liwatoni akitengeneza mashua za watu. Mavyaa yake Sidi, Bi Kadzo, alibaki kupiga mayowe tu. Aliyemwinua Sidi ni jirani wa mlango wa pili, Mercy Wanza. Alimteremsha ngazi moja moja, akamtia kwenye tuktuk, akakaa naye hospitali mpaka mkono ukafungwa plasta.

Mercy alikuwa mtu wa bara, Ukambani. Alikuwa karani katika ghala moja la Shimanzi. Alikaa peke yake, hakuwa na mume wala mtoto. Akufaaye kwa dhiki ndiye rafiki, na tangu siku ile Sidi alimwita rafiki.

Baada ya wiki mbili Mercy alikuja na mashine nyeupe, kubwa kama ndoo. Bosi wake aliyekuwa akihama nchi alikuwa amempa.

"Mama Mapenzi, hii ni mashine ya mkate," alisema. Watu wote walimwita Sidi kwa jina la bintiye, Mapenzi. "Unatia vitu ndani, unafunika. Inakanda yenyewe, inaumua, kisha inaoka. Wewe pumzisha mkono."

"Na oveni?"

"Hakuna haja ya oveni. Moto uko ndani yake."

Kijitabu cha mashine kilikuwa cha Kiingereza. Mercy alisoma, Sidi akasikiliza. Ukurasa mmoja ulikuwa na picha ya mkate uliotengenezwa kwa madonge madogo yaliyoshikana, yanang'aa kwa sukari na mdalasini. Haukukatwa kwa kisu. Watu walikuwa wakiumega kwa mikono, donge donge.

"Mkate wa kumega," Sidi alisema, akaupa jina papo hapo. "Nikiuza huu, mahamri watayasahau."

Basi Jumatatu Sidi alianza. Kwa mkono wa kushoto alitia unga, sukari na hamira ndani ya chombo cha mashine. Alichemsha tui na iliki kama siku zote, akalitoa jikoni, akalimimina. Mashine ikaanza kuzunguka. Bi Kadzo alikuwa ameketi mlangoni akichagua mchele. Mercy alipita akienda kazini, akachungulia.

"Lo! Unga wako ni mzuri," alisema. "Umenona kama mtoto mchanga." Akashuka ngazi, akaenda zake.

Bi Kadzo aliinua uso. Alikuwa akingoja neno moja ambalo halikuja. Mombasa, mtu akisifu mtoto, au nyumba, au chakula, husema Mashallah, ili sifa isigeuke balaa. Mwislamu husema, na jirani yake Mkristo husema pia. Mercy hakujua desturi hiyo. Kwao Ukambani kizuri huitwa kizuri, basi.

Unga ule haukuumuka. Ulilala chini ya chombo kama udongo. Sidi aliuoka vivyo hivyo, na ukatoka mgumu.

Jumanne alijaribu tena. Mercy alichungulia tena. "Leo utakuwa mkubwa," alisema kwa furaha. Unga ukalala tena.

"Umemsikia?" Bi Kadzo aliuliza. "Mara mbili, na mara zote mbili hakusema Mashallah. Mwanangu, yule ana jicho."

"Mama, Mercy ndiye aliyenipeleka hospitali."

"Jicho halijui hisani. Mtu hana mtoto, anaona una mume na binti, roho yamuuma. Unga wako umetiwa jicho."

Sidi hakuitikia, lakini hakukataa pia. Na mtu akisemwa mbele yako ukanyamaza, umeshasema nusu.

Maneno yana miguu. Jumatano asubuhi yalikuwa yameshuka mpaka chini, kwa Rosebella, aliyekaa karibu na mfereji wa maji. Mercy alipokwenda kuteka maji, Rosebella alimvuta mwanawe nyuma ya kanga. Mercy aliona. Aliteka maji yake nusu ndoo, akapanda ngazi.

Alhamisi Bi Kadzo alikwenda kanisani. Mercy alikuwa Shimanzi tangu saa moja. Sidi alifunga mlango kwa komeo, akatundika leso dirishani, akatengeneza unga mara ya tatu. Hakuna jicho lililouona ila lake mwenyewe.

Unga haukuumuka.

Sidi aliketi kwenye kibao akautazama. Alielewa vizuri maana yake. Kama unga umekufa bila ya Mercy kuuona, basi Mercy hana kosa. Kitu cha haki kilikuwa kushuka chini na kulisema hilo. Lakini akilisema, atakuwa amemwita mavyaa yake mwongo mbele ya nyumba nzima. Na watu watauliza, kama si jicho, mpishi mzima kama yeye ameshindwaje na unga? Akaogopa. Akaufunga ule unga katika gazeti, akautupa jaani. Hakumwambia mtu.

Jumamosi, saa tatu asubuhi, Mercy alibisha hodi. Hakuingia ndani.

"Nimekuja kukuaga," alisema. "Nimepata chumba Tudor. Pikapu inakuja saa kumi."

Sidi alishika mlango. "Unahama?"

"Mama Mapenzi, jana mtoto wa Rosebella ameniona kwenye ngazi akajifunika uso. Nani amemfundisha? Watu wanasema nina jicho, nimeua mikate yako. Sitaki kujua wao wanasema nini. Nataka kujua wewe ulisema nini."

Maneno yalikuwa mdomoni. Lakini Bi Kadzo alikuwa nyuma yake ndani ya chumba, na Sidi alisikia vyombo vimeacha kugongana.

"Sikusema kitu," Sidi alijibu.

"Ndiyo. Hukusema kitu." Mercy alitikisa kichwa polepole. "Mashine ni yako, sitaichukua."

Akarudi chumbani mwake. Punde sauti ya masanduku ikasikika, yakiburutwa sakafuni.

Sidi alijitupia leso, akatoka. Alikwenda moja kwa moja kwenye tanuri la mikate, mtaa wa pili. Mwoka mikate wa pale aliitwa Zakariya, mtu mwembamba mwenye unga mpaka kwenye nyusi. Alikuwa na ulimi mkali, lakini kazi yake aliijua.

"Mama Mapenzi, leo wewe ndiye wanunua mkate? Basi mambo yameharibika."

"Yameharibika, kaka Zakariya." Sidi akamweleza yote, hata mkate wa tatu. Zakariya alisikiliza huku akipanga mikate. Mwisho akaweka sinia chini.

"Mimi hapa hutazamwa na watu mia kila alfajiri," alisema. "Wengine wana njaa, wengine wana deni, wengine hawanipendi. Lau jicho lingeua unga, ningekuwa nauza mawe. Hebu niambie ulivyofanya, hatua kwa hatua."

"Natia unga, sukari, chumvi, hamira. Nachemsha tui na iliki. Nalimimina."

"Likiwa moto kiasi gani?"

"Kadiri."

"Kadiri ya nini?"

Sidi hakuwa ameulizwa swali hilo maishani mwake.

"Zamani ulikanda kwa kitu gani?" Zakariya alimuuliza.

"Kwa mkono."

"Na tui likikuunguza mkono, ulifanyaje?"

"Naliacha lipoe."

"Basi huo mkono ndio uliokuwa kipimo chako. Ndio uliosema tui limepoa, unga umetosha, maji yamezidi. Sasa mkono uko ndani ya plasta. Mashine haina ngozi, Mama Mapenzi. Ukiimiminia tui la moto haitapiga kelele. Itakanda tu."

Alichukua bilauri mbili. Katika kila moja alitia kijiko cha sukari na kijiko cha hamira. Ya kwanza aliijaza nusu kwa maji ya vuguvugu. Ya pili aliijaza nusu kwa maji yaliyotoka kuchemka.

"Hamira si dawa wala si unga," alisema wakati wakingoja. "Ni kiumbe hai, mdogo mno, jamii ya uyoga. Humo ndani ya pakiti amelala. Akipata uvuguvugu na utamu huamka, hula, hutoa hewa. Hewa hiyo ndiyo inayouinua unga. Ukimmwagia kitu cha moto, anakufa."

Dakika kumi zilipita. Bilauri ya kwanza ilikuwa imepanda povu mpaka karibu na ukingo, inanukia vizuri. Ya pili ilikuwa maji machafu yaliyotulia. Sidi alizitazama zote mbili, kisha akafunika uso kwa mkono wake mzima.

"Ni mimi," alisema. "Mara zote tatu ni mimi."

"Ni tui. Lakini tui halina mdomo wa kumwomba mtu radhi, wewe unao. Sasa sikiliza vipimo, na hilo neno lako la kadiri liache hapa kwangu."

Saa sita Sidi alikuwa amerudi nyumbani. Hakuingia kwake. Alisimama kwenye mlango wa Mercy. Kitanda kilikuwa kimefunguliwa, godoro limefungwa kamba.

"Mercy, nakuomba kitu kimoja kabla ya saa kumi. Njoo ukae jikoni kwangu. Uutazame unga wangu tangu mwanzo mpaka mwisho."

Mercy alimkazia macho. "Ili ukifa, wote waone kwamba ni mimi?"

"Ukifa, kosa ni langu, na nitalisema mbele yao."

"Asubuhi hukuweza kusema neno moja."

"Najua," Sidi alisema. "Sina haki ya kukuomba, lakini nakuomba."

Mercy alilitazama godoro. Kisha alifuta mikono yake, akamfuata.

Sidi aliufungua mlango wa jikoni wazi kabisa. Bi Kadzo alipomwona Mercy akiingia, alisimama. "Sidi, umerogwa? Unamleta mwenyewe?"

"Mama, kaa. Leo tutatazama sote."

Habari ilishuka ngazi kabla hawajawasha mashine. Rosebella alipanda, akasimama mlangoni. Nyuma yake walisimama wanawake wengine wawili.

Sidi alichemsha tui na iliki, kisha akaliacha. Hakuligusa kwa muda wa nusu saa. Halafu alidondosha tone moja juu ya mkono wake wa kushoto, upande wa ndani. Halikuunguza, wala halikuwa baridi. Lilikuwa vuguvugu kama maji ya kumwogesha mtoto mchanga. Alipima robo tatu ya kikombe kilichokuja na mashine, akalitia kwanza. Akavunja yai moja. Akatia vijiko viwili vya siagi, vijiko vitatu vya sukari, na nusu kijiko cha chai cha chumvi. Juu yake akatia unga wa ngano vikombe vitatu, kila kikombe amekisawazisha kwa mgongo wa kisu. Mwisho alichimba kishimo katikati ya unga, akatia kijiko kimoja na nusu cha chai cha hamira.

"Kwa nini juu?" Mercy aliuliza. Lilikuwa neno lake la kwanza.

"Ili hamira isikutane mapema na chumvi. Chumvi nyingi huidhoofisha."

Alibonyeza namba nane. Hiyo ni ya kukanda na kuumua tu, haioki. Mashine ikaanza kunguruma. Baada ya dakika kumi Sidi alifunua kifuniko. Unga ulikuwa umekuwa donge moja laini, haunati kwenye ukingo. Kama ungenata sana angeongeza kijiko cha unga. Kama ungekuwa mkavu angeongeza kijiko cha tui. Haukuhitaji kitu. Alifunika.

Mashine ikanyamaza. Sasa ulikuwa wakati wa unga kuumuka. Kifuniko kilikuwa na kidirisha cha kioo, na Sidi alimsogezea Mercy kigoda mbele yake.

"Tazama," alimwambia.

Mercy alitazama. Robo saa ikapita, na donge lilikuwa vile vile. Rosebella alimnong'oneza jirani yake. Bi Kadzo alikunja mikono kifuani. Sidi akaanza kuhesabu dakika. Je, kama Zakariya amekosea? Je, kama pakiti ya hamira ilikuwa kuukuu? Mercy hakusogea. Mikono yake ilikuwa imeshikana mapajani.

"Sidi," Mercy aliita kwa sauti ndogo. "Njoo uone."

Donge lilikuwa limevimba. Lilikuwa limegusa ukingo upande mmoja, na juu yake palikuwa pamejaa. Kufika saa nane lilikuwa limekuwa mara mbili ya lilivyokuwa.

Rosebella aliingia mpaka ndani kuona. Lakini Bi Kadzo hakuwa mtu wa kushindwa upesi. "Leo ametazama kwa nia njema," alisema. "Amejua kwamba tunamwona. Siku zile alitazama kwa roho mbaya."

Wanawake waliitikia kwa vichwa. Mercy aliinuka kwenye kigoda. Hakukasirika hata kidogo, alikuwa amechoka tu. "Basi," alisema. "Nikitazama ukafa, ni mimi. Nikitazama ukaumuka, ni mimi vile vile. Acha niende nikafunge vitu vyangu."

Hapo ndipo Sidi alipoelewa kwamba mkate peke yake hautamwokoa mtu.

"Ngoja," alisema. "Alhamisi nilipika mkate wa tatu. Nilifunga mlango kwa komeo. Mama, ulikuwa kanisani. Mercy alikuwa Shimanzi. Hakuna aliyeuona, na haukuumuka. Niliufunga katika gazeti nikautupa jaani. Tangu siku hiyo nilijua kwamba Mercy hana kosa, nikanyamaza. Niliogopa kuonekana sijui kazi yangu. Nilimwacha asemwe, huyu aliyenishika mkono uliovunjika. Kosa lilikuwa tui la moto. Nililitia mimi, likaua hamira."

Bi Kadzo alimtazama mkwewe, kisha akatazama sakafu. Rosebella alijifunga kanga yake upya ingawa haikuwa imefunguka.

"Mercy, unisamehe," Sidi alisema. Machozi yalikuwa yakimtoka na hakuyafuta.

Mercy hakusema amesamehe. Alitazama unga, akatazama mkono wa plasta. "Hayo madonge utayaviringisha vipi kwa mkono mmoja?" aliuliza. Akanawa mikono.

Basi walifanya kazi. Walitoa kile kipande cha chuma cha chini kinachokanda, kisibaki ndani ya mkate. Mercy alikata unga vipande vidogo, akaviringisha madonge kama ya ukubwa wa ndimu. Sidi alichovya kila donge katika siagi iliyoyeyushwa, akaligaragaza katika sukari yenye mdalasini. Zakariya alikuwa amemwambia kwamba mdalasini mwingi ndani ya unga huichelewesha hamira, kwa hiyo ukae nje. Alimwambia pia asimwage siagi iliyobaki juu ya madonge. Ingeweza kuvuja chini kwenye moto wa mashine, ikaleta moshi. Walipanga madonge ndani ya chombo, wakayaacha yaumuke tena kwa nusu saa. Kisha Sidi alibonyeza namba kumi na mbili, ya kuoka tu.

Saa tisa na nusu harufu ilikuwa imejaa ngazi nzima. Sidi alitoa chombo kwa kitambaa kinene, akangoja dakika kumi, akaupindua mkate kwenye sinia. Ulikuwa wa juu, wa rangi ya kahawia, sukari imeshika kila donge kwa jirani yake.

Pikapu ilipiga honi chini.

Bi Kadzo ndiye aliyenyoosha mkono kwanza. Alimega donge la katikati, ambalo lilikuwa laini kuliko yote, mvuke ukatoka. Hakulila. Alimpa Mercy mkononi.

"Mimi nimekuwa na ulimi mrefu," alisema. "Kula, mwanangu."

Mercy alipokea kwa mikono miwili. Alikula polepole, na wote walimngoja, kana kwamba mkate ule ulikuwa bado haujaiva. Honi ikalia tena.

"Kingi!" Mercy alimwita dereva kutoka dirishani. "Panda juu, kuna mkate."

Kingi alipanda akilalamika kwamba ana safari nyingine Mwembe Tayari. Alikula madonge manne, akaacha kulalamika. Kisha akauliza aanze na mzigo gani. Bi Kadzo alikuwa ameshakwenda chumbani kwa Mercy, ameinama, anafungua kamba ya godoro kwa meno.